Okestra za Studio na Ajira ya Mwanamuziki: Funzo kwa Televisheni ya Bujumbura

Katika vipindi vya mahojiano vya televisheni, okestra ya studio hufungua kipindi, humkaribisha mgeni na hujaza nafasi kati ya mazungumzo na matangazo ya biashara. Makala haya yanadai kwamba asili ya okestra hiyo haimo katika sanaa ya jukwaani pekee, bali katika mkataba wa ajira.

Mfano mashuhuri ni The Tonight Show ya shirika la NBC, Marekani. Kipindi kilipoanza kurushwa nchi nzima mwaka 1954, okestra iliongozwa na Skitch Henderson, aliyekwishafanya kazi katika redio ya NBC. Doc Severinsen, aliyeiongoza kuanzia 1967 hadi 1992, alikuwa mwanamuziki mwajiriwa wa shirika hilo tangu 1949. Televisheni, basi, haikubuni utaratibu wa okestra ya kudumu. Iliurithi kutoka redioni pamoja na mishahara yake.

Tanzania ilipita njia nyingine. Radio Tanzania Dar es Salaam ilirekodi na kurusha muziki wa dansi, lakini mishahara ya wanamuziki wengi ilitoka kwingine: NUTA Jazz, iliyoundwa mwaka 1964, ilikuwa ya chama cha wafanyakazi, nyingine zilikuwa za polisi, jeshi na kiwanda cha nguo cha Urafiki. Televisheni ilipoanza Tanzania Bara mwaka 1994, kupitia kampuni binafsi, ufadhili huo wa umma ulikuwa umedhoofika. Hapakuwa na okestra ya kurithi.

Bujumbura hali ilikuwa ngumu zaidi. Redio ilianza mwaka 1960 na televisheni katika miaka ya 1980. Vita vilivyozuka mwaka 1993 vikawatawanya wasanii. Kidum, mwimbaji na mpiga dramu, alijijengea jina akiwa Nairobi.

Leo RTNB hutangaza kwa Kirundi, Kiswahili, Kifaransa na Kiingereza. Kituo kinachoalika bendi kwa kipindi kimoja hupata burudani ya siku hiyo. Kinachoajiri wanamuziki, hata watano tu, hupata mazoezi ya kudumu, hazina ya rekodi, na mahali ambapo vijana watajifunza kwa wakubwa wao. Sera ya utamaduni inayotaka muziki hai kwenye televisheni haina budi kuanzia kwenye orodha ya mishahara.