Majina ya Kisanskriti kwa wavulana: Dua, ushairi na mipaka ya tabaka

OKTOBA 25, mwaka 2022, Rishi Sunak alipoteuliwa kuwa Waziri Mkuu wa Uingereza, habari iliyosimuliwa sana Afrika Mashariki ilikuwa ya wazazi wake. Baba yake, Yashvir, alizaliwa Kenya na mama yake, Usha, alizaliwa Tanganyika. Jambo ambalo halikuzungumzwa sana ni majina yenyewe.

Rishi ni neno la Kisanskriti lenye maana ya mtu mwenye hekima, aliyefunuliwa mambo ya siri. Yashvir ni maneno mawili: 'yash', yaani sifa njema, na 'vir', yaani shujaa. Usha ni alfajiri. Ukoo huo ulitoka Punjab, ukaja Afrika Mashariki, kisha ukahamia Uingereza. Makazi yalibadilika na lugha ya kila siku ikabadilika, lakini majina yalibaki kuwa ya lugha ambayo kwa karne nyingi sana watu wachache tu wameizungumza nyumbani.

Kisanskriti ni lugha ya Veda, maandiko ya kale ya Wahindu, ambayo sehemu yake ya zamani zaidi, Rigveda, ina umri wa zaidi ya miaka 3,000. Mtaalamu Panini aliiandikia sarufi yenye kanuni zipatazo 4,000, karne kadhaa kabla ya kuzaliwa kwa Kristo. Lugha hiyo ndiyo iliyozaa msamiati mwingi wa Kihindi, Kigujarati, Kimarathi na Kibengali, na ndiyo inayoendelea kuwa ghala la majina ya watoto nchini India na kwingineko.

Jina linalofumbuka

Mvuto wa kwanza wa majina haya ni kwamba maana yake haijafichika. Mtu anayejua viungo vichache vya lugha anaweza kulifumbua jina kama mtu afumbuavyo kitendawili.

Mfano mzuri ni kiambishi 'a', ambacho hukanusha. 'Shoka' ni huzuni, hivyo Ashok ni asiye na huzuni. Jina hilo alilichukua mfalme maarufu wa karne ya tatu kabla ya Kristo, aliyetawala sehemu kubwa ya bara la India. 'Jay' ni ushindi, na Ajay ni asiyeshindika. 'Bhay' ni hofu, na Abhay ni asiye na hofu. Amit ni asiyepimika, na Amar ni asiyekufa. Hata hivyo, si kila jina lenye 'a' mwanzoni ni kanusho. Anil ni upepo, na Arun ni wekundu wa mapambazuko.

Viungo vingine hukaa mwishoni. 'Isha' ni bwana, na ndiyo inayosikika katika Mahesh, Dinesh na Rakesh. Mahesh ni bwana mkuu, naye ni mungu Shiva. Dinesh ni bwana wa mchana, yaani jua, na Rakesh ni bwana wa usiku wa mbalamwezi, yaani mwezi mpevu. 'Indra', mfalme wa miungu, yumo katika Narendra, mkuu wa watu, na Rajendra, mkuu wa wafalme. 'Das' ni mtumishi, kama katika Mohandas, jina alilopewa Gandhi na wazazi wake, lenye maana ya mtumishi wa Mohan, ambaye ni Krishna.

Msemaji wa Kiswahili hatapata taabu kuelewa namna viungo hivyo vinavyoshikamana. 'Maha' ikikutana na 'isha', irabu 'a' na 'i' huungana na kuwa 'e', tunapata Mahesh. Ndivyo 'wa' na 'ingi' zinavyotoa 'wengi', na 'ma' na 'ino' zinavyotoa 'meno'.

Dua ya kila siku

Mvuto wa pili ni imani kwamba kulitamka jina ni kuomba. Mzazi amwitaye mwanawe Ram au Gopal huwa anamtaja Mungu kila anapomtuma dukani. Sehemu moja ya utenzi mkubwa wa Mahabharata inaorodhesha majina 1,000 ya mungu Vishnu, na orodha hiyo hadi leo ni chimbuko la majina ya watoto.

Wengine hawatafuti mungu bali tabia njema. Anand ni furaha, Vivek ni uwezo wa kupambanua mema na mabaya, na Satyajit ni ashindaye kwa ukweli. Mshairi Rabindranath Tagore, ambaye jina lake mwenyewe linataja jua, ndiye aliyependekeza jina la mtoto aliyezaliwa Santiniketan mwaka 1933: Amartya, yaani asiyekufa. Mtoto huyo, Amartya Sen, alipata Tuzo ya Nobel ya Uchumi mwaka 1998.

Siku ya kutoa jina

Kumpa mtoto jina ni moja ya ibada 16 za maisha ya Mhindu, nayo huitwa 'namakarana'. Kwa desturi hufanyika siku ya 10, 11 au 12 baada ya kuzaliwa, ingawa familia nyingi za mjini huisogeza mpaka jamaa wapate nafasi.

Mara nyingi kuhani huulizwa nyota ya mtoto. Njia ya mwezi angani imegawanywa katika vituo 27, na kila kituo kina sehemu nne, jumla 108. Kila sehemu ina silabi yake. Mtoto aliyezaliwa mwezi ukiwa katika kituo cha Rohini hupewa jina linaloanza na O, Va, Vi au Vu. Akiangukia Vi, wazazi wanaweza kuchagua Vijay, ushindi, au Vikram, ushujaa.

Vitabu vya kale vya ibada za nyumbani viliongeza sharti kwamba jina la mvulana liwe na silabi mbili au nne, na la msichana liwe na idadi isiyogawanyika kwa mbili. Sharti hilo halikufuatwa na wote. Arjuna, shujaa mpiga upinde wa Mahabharata, ana silabi tatu. Lakini Kihindi cha leo huangusha 'a' ya mwisho, na Arjun akabaki na mbili.

Miongoni mwa Wagujarati, ambao ni sehemu kubwa ya Wahindu wa Afrika Mashariki, anayelitangaza jina ni shangazi wa mtoto, dada wa baba, aitwaye 'foi'. Mtoto hulazwa katika kitambaa kinachoshikwa pembe zake na jamaa, hupembezwa kwa wimbo, kisha shangazi hulitamka jina. Msomaji wa Kiafrika anayejua nafasi ya shangazi katika ukoo hataona ugeni hapo.

Aidha, zipo familia ambazo, baada ya kufiwa na watoto mfululizo, humpa mtoto jina duni ili kukwepa kijicho. Desturi hiyo nayo inafahamika katika makabila mengi ya Afrika.

Jina linapokuwa mpaka

Pamoja na uzuri wote huo, historia ya majina haya ina upande wa uchungu. Sheria za Manu, kitabu cha kale kilichoeleza wajibu wa kila tabaka, ziliagiza kwamba jina la Mbrahmini liwe la baraka, la mpiganaji liwe la nguvu, la mfanyabiashara liwe la mali, na la Shudra, tabaka la chini kati ya manne, liwe la kudharaulika. Kwa maneno mengine, mtoto alitakiwa kutangaza unyonge wake kila alipotaja jina.

Bhimrao Ambedkar, aliyezaliwa mwaka 1891, alitoka katika jamii iliyohesabiwa kuwa chini hata ya Shudra, walioitwa wasioguswa. Desemba 25, mwaka 1927, yeye na wafuasi wake walikichoma moto kitabu cha Manu hadharani katika mji wa Mahad. Baadaye alisimamia uandishi wa rasimu ya Katiba ya India. Jina lake, Bhim, ni la shujaa mwenye nguvu za kutisha katika Mahabharata, na mwanawe aliitwa Yashwant, mwenye sifa njema.

Oktoba 1956 Ambedkar aliingia dini ya Buddha pamoja na mamia ya maelfu ya wafuasi. Tangu hapo, majina kama Gautam, Siddharth na Ashok yamekuwa na uzito wa pekee kwao. Salamu yao, 'Jai Bhim', ushindi kwa Bhim, imeundwa kwa maneno ya Kisanskriti. Lugha iliyotumika kuwadhalilisha wakaigeuza kuwa bendera yao.

Kusini mwa India mgogoro ulichukua sura nyingine. Mwaka 1916 mwanazuoni wa Kitamil aliyeitwa Vedachalam, yaani mlima wa Veda, alianzisha harakati za kukisafisha Kitamil kwa kuondoa maneno ya Kisanskriti. Alianza na jina lake. Alilitafsiri neno kwa neno, akawa Maraimalai Adigal. Hata hivyo, mazoea ni magumu kuyang'oa. M. Karunanidhi, kiongozi mashuhuri wa siasa za Kidravidi katika jimbo la Tamil Nadu, aliishi hadi kufa kwake mwaka 2018 akiwa na jina lenye maana ya hazina ya huruma, ambalo ni la Kisanskriti kitupu.

Nje ya India na nje ya Uhindu

Ni makosa kudhani kwamba kila mwenye jina la Kisanskriti ni Mhindu. Rais wa kwanza wa Indonesia, Sukarno, alikuwa Mwislamu. Alizaliwa mwaka 1901 akaitwa Kusno, lakini kwa kuwa aliugua mara kwa mara, wazazi walimbadilisha jina na kumpa la Karna, shujaa wa Mahabharata, likatanguliwa na 'su', yaani -ema. Mfalme Bhumibol wa Thailand, aliyetawala kuanzia mwaka 1946 hadi 2016, alikuwa Mbuddha mwenye jina lenye maana ya nguvu ya ardhi.

Kadhalika, si kila jina la Kihindi ni la Kisanskriti. Jawaharlal Nehru, waziri mkuu wa kwanza wa India, alibeba neno 'jawahar' lililotoka Kiarabu, ndugu wa 'johari' ya Kiswahili. Na maneno ya Kisanskriti nayo yalisafiri kuja huku. Jina Neel, ambalo ni fupi na jepesi kutamkwa ughaibuni, latokana na 'nila', rangi ya buluu iliyokolea. Kupitia Uajemi na Arabuni neno hilo ndilo 'nili' ya Kiswahili.

Afrika Mashariki yenyewe inao watu waliojulikana kwa majina hayo. Jayant Madhvani wa Uganda, mfanyabiashara mkubwa wa sukari aliyefariki mwaka 1971, na Jayantilal Chande wa Tanzania, aliyezaliwa Mombasa mwaka 1928 na kufariki mwaka 2017, wote wawili walibeba neno lenye mzizi wa ushindi. Chande alijulikana zaidi kwa jina la Andy. Ndilo lililokuwa jepesi midomoni mwa wengi.

Maana za kubuni

Wazazi wa leo, hasa wanaoishi mbali na India, huchagua majina mafupi yasiyomsumbua mwalimu wa London au Nairobi: Rohan, Arjun, Neel, Aarav. Wengi huyapata katika orodha za intaneti, na hapo ndipo penye hatari.

Jina Aarav, ambalo limependwa sana tangu miaka ya 2000, huelezwa katika orodha nyingi kuwa ni 'mtulivu' au 'sauti ya amani'. Lakini kamusi ya Kisanskriti ya Monier-Williams, iliyotolewa toleo la pili mwaka 1899, inaeleza neno 'arava' kuwa ni kilio, mlio au kishindo. Kiambishi 'a' kifupi kingelikanusha neno 'rava', sauti, lakini 'a' ya Aarav ni ndefu na haikanushi kitu. Irabu moja kuvutwa imetosha kuugeuza utulivu kuwa kelele.

Rahul nalo huelezwa kuwa ni mshindi wa taabu zote. Masimulizi ya Kibuddha yanasema kinyume chake: Siddhartha alipopashwa habari ya kuzaliwa kwa mwanawe alisema kwamba kifungo kimezaliwa, kwa kuwa mtoto angemzuia kuiacha dunia. Hata hivyo, Rahul limebaki jina linalopendwa, na wanaolibeba hawaoni kifungo chochote. Maana ya kamusi ni moja, na maana ambayo watu wameipa kwa kuishi nalo ni nyingine.

Kwa mzazi anayetaka jina la Kisanskriti kwa mwanawe, busara ni kuanza na neno lenyewe: kulitafuta katika kamusi, kuuliza wazee wanalitamkaje, na kujua nani alilibeba kabla. Shangazi hulitamka siku moja tu. Mtoto ataulizwa maana yake maisha yake yote, na ni haki yake awe na jibu la kweli.