Askari wa Kuigiza: Sehemu ya Tatu

ILIPOISHIA: Mwaka 1929 Mahjub bin Adam, mzaliwa wa Dar es Salaam, aliingia Berlin kudai mishahara yake na ya baba yake, effendi katika jeshi la Mjerumani. Katika Vita vya Kwanza vya Dunia aliingia na umri wa miaka 10. Wizara ya Mambo ya Nje ikamjibu kwamba amechelewa kudai.

SASA ENDELEA...

Mdai akawa mhudumu. Alibeba sinia Haus Vaterland, jumba la starehe pale Potsdamer Platz, akivuka kutoka meza hadi meza kwa jina jipya: Mohamed Husen. Chuo Kikuu cha Berlin kikamchukua awasaidie wanafunzi kutamka Kiswahili. Januari 1933, mwezi uleule Hitler aliposhika serikali, akaoa binti wa Kijerumani.

Mwaka 1934 mwongozaji Herbert Selpin akawa anatengeneza filamu ya vita vya Afrika Mashariki. Husen akapewa kipande kidogo: kijana anayejifunza kupeleka ishara jeshini.

Hapa msomaji tusimame kidogo. Ndiyo kazi hasa aliyoifanya vitani, ile ambayo serikali ilikataa kumlipa! Sasa analipwa kuiigiza.

Tangu siku hiyo kamera haikumwacha. Filamu zaidi ya 20, na katika hizo zote hakuwa stelingi hata mara moja. Leo mtumishi, kesho mbeba mizigo, keshokutwa mtu wa kusimama nyuma ya bwana. Kazi ya sinia aliipoteza 1935. Sinema ikabaki, kwa sababu Wanazi waliota kuyarudisha makoloni, na ndoto ile ilihitaji Mwafrika mtiifu wa kuonyeshwa.

Kisha kikaja kipande chake kikubwa kuliko vyote. Filamu iliitwa Carl Peters. Ndiyo, Peters yule yule wahenga wetu waliyemwita Mkono wa Damu, ambaye Wajerumani wenyewe walimfukuza kazi mwaka 1897 kwa kunyonga watu kule Kilimanjaro. Stelingi alikuwa Hans Albers, kipenzi cha Ujerumani nzima. Mwongozaji, Selpin tena. Husen alikuwa Ramasan, mwongoza njia wa Peters. Waafrika wengine mbele ya kamera walikuwa mateka wa vita, askari wa jeshi la Ufaransa waliotolewa kambini waje kuigiza.

Machi 1941 filamu ikaingia majumba ya sinema. Watu wakalipa kiingilio, wakamtazama Ramasan akimtumikia bwana wake.

Nje ya pazia, Husen alikuwa na siri. Alikuwa na uhusiano na mwanamke mzungu asiyekuwa mkewe, na Berlin ya mwaka ule haikusamehe jambo hilo kwa mtu mweusi.

Agosti, Gestapo, polisi wa siri wa Hitler, wakamkamata.

Hakupelekwa mahakamani. Alipelekwa wapi?

Usikose Jumamosi ijayo.