Kukopa Harusi, Kulipa Matanga: Mashamba ya Karafuu Yanatufunza Nini Kuhusu Mkopo wa Nyumba



Msimu wa harusi ukikaribia, maswali mnayotuletea huwa tunayajua: hina, sare za kanga, ukumbi, chakula cha walima. Siku hizi limeingia swali jingine, nalo huulizwa kwa sauti ya chini. Bwana harusi amepata kazi nzuri, anataka wachukue mkopo wa nyumba wa miaka 20, na bibi harusi anatakiwa naye atie saini. Anauliza: nikubali?

Sisi si benki wala si mamufti. Suala la halali na haramu mpelekeeni sheikh mnayemwamini. Lakini kuna jambo moja tunaloweza kuwapa, nalo ni historia yetu wenyewe. Visiwa hivi vya Unguja na Pemba vimewahi kuishi ndani ya rehani, kizazi baada ya kizazi, na bibi zetu walikuwemo. Tukijua yaliyowapata, tutajua la kuuliza kabla ya kushika kalamu.

Mti wa kungojea

Mkarafuu si mti wa asili yetu. Uliletwa Zanzibar mwanzoni mwa karne ya 19, ukaenea sana zama za Sayyid Said bin Sultan, aliyehamishia makao yake hapa kutoka Oman. Ni mti wa subira. Ukiupanda leo, unangoja miaka sita au saba hivi ndipo uanze kuchuma. Na hata ukikomaa hauzai sawasawa: mwaka huu matawi yanainama kwa neema, mwaka ujao hakuna kitu.

Hapo ndipo deni lilipopata mlango. Mwenye shamba alihitaji fedha kabla ya karafuu kuiva: za kupalilia, za kuwalipa wachumaji, za kula wakati wa kungojea. Alihitaji pia za harusi ya binti, za matanga ya mzee, za mwezi wa Ramadhani. Fedha hizo alizipata kwa wafanyabiashara wa mjini na wenye maduka ya shamba, wengi wao Wahindi. Nao hawakuwa na fedha za bure. Wengi walikopa kwa matajiri wakubwa zaidi, na mnyororo huo ulivuka bahari hadi Bombay na Kutch. Kila mmoja alikuwa na wa kumlipa, basi kila mmoja aliongeza chake.

Tarehe 15 Aprili 1872 kikapiga kimbunga kikubwa. Sehemu kubwa ya mikarafuu ya Unguja iling'oka, ilhali Pemba ilisalimika zaidi. Aliyekuwa na deni usiku ule aliamka asubuhi hana miti, lakini deni bado analo. Mti huanguka, hati ya deni haianguki.

Mwaka 1897 utumwa ukaondolewa kisheria. Jambo lile lilikuwa haki iliyochelewa, maana mashamba yale yalijengwa juu ya migongo ya watu waliofanya kazi bila ya hiari yao. Kwa wenye mashamba lakini, maana yake ilikuwa kwamba kila mchumo sasa unataka fedha taslimu za ujira, na waliokuwa hawana wakazidi kukopa.

Bei ya khiyari: jina zuri, mzigo mzito

Sasa sikilizeni vizuri, kwa sababu hapa ndipo penye somo.

Waislamu wote wale, wakopaji na mashahidi wao, walijua kwamba riba ni haramu. Basi hati nyingi hazikuandikwa neno riba. Ziliandikwa bei ya khiyari. Mwenye shamba "alimuuzia" mkopeshaji shamba lake kwa bei fulani, kwa sharti kwamba akirudisha fedha zile ndani ya muda waliokubaliana, shamba linarudi kwake. Hapo hapo mkopeshaji "alimkodisha" muuzaji shamba lile lile. Kwa hiyo mwenye shamba hakuhama. Aliendelea kupalilia na kuchuma, ila kila mwaka alilipa kodi.

Tufanye hesabu ya mfano tu. Mtu anapokea rupia 1,000, na kodi ya shamba ni rupia 120 kwa mwaka. Baada ya miaka kumi amelipa rupia 1,200, zaidi ya zile alizopewa. Deni limebaki kiasi gani? Limebaki rupia 1,000 kamili. Kodi haikupunguza hata rupia moja ya deni la asili, kwa sababu kwenye karatasi kodi ni kodi na bei ni bei.

Na mwaka ambao karafuu hazikuzaa? Kodi isiyolipwa iliongezwa kwenye deni, ikaandikwa hati mpya, kiasi kikubwa zaidi, muda mwingine. Mkopaji alitoka pale na afueni moyoni, akijiona amepewa nafasi. Kumbe deni limezaa.

Wanazuoni wa Oman na wa mwambao huu hawakulinyamazia jambo hili. Walijadiliana: je, huu ni uuzaji wa kweli, au ni riba iliyovishwa buibui? Mwanahistoria Fahad Ahmad Bishara ameandika kitabu kizima juu ya madeni ya Bahari ya Hindi, kilichotoka mwaka 2017, na mikataba hii ya khiyari imo ndani yake kwa wingi. Tukisoma habari zake tunaona kwamba maneno ya sheria yalitimizwa, lakini swali la mkopaji halikuulizwa: mwisho wa yote, nitakuwa nimetoa kiasi gani, na nitabaki na nini?

Na tusiwasahau wanawake. Kwa sharia yetu binti na mke wanarithi, kwa hiyo shamba la karafuu mara nyingi lilikuwa na mafungu ya dada, mama na mashangazi ndani yake. Aliyekwenda mjini kukopa mara nyingi alikuwa kaka au mume. Pale shamba lilipowekwa rehani, fungu la mwanamke nalo lilikuwa hatarini, hata kama yeye hakuwahi kuuona ule msahafu wa hesabu wa dukani.

Mwaka 1934

Miaka ya 1930 uchumi wa dunia ulianguka na bei ya karafuu ikaanguka nao. Kodi na madeni yalikuwa yameandikwa kwa bei za zamani za neema. Serikali ya kikoloni ilifanya uchunguzi na ikakuta kwamba sehemu kubwa ya mashamba iko chini ya rehani, na mengine yameshahama mikononi mwa wenyewe.

Mwaka 1934 zikatoka amri. Malipo ya madeni ya mashamba yalisimamishwa kwa muda, na ardhi ya Waarabu na Waafrika ikazuiwa kuhamishiwa watu wengine bila ya idhini ya serikali. Chama cha wakulima wa karafuu kikapewa nguvu mpya, na mwaka 1937 kikapewa peke yake haki ya kununua karafuu kwa wakulima. Wafanyabiashara wa Kihindi waliona wameonewa kwa kabila lao. Kukawa na mgomo wa kununua karafuu za Zanzibar, ukaungwa mkono na chama cha Congress kule India, soko letu kubwa. Mgomo ulikwisha kwa makubaliano mwaka 1938.

Yaliyofuata baada ya Mapinduzi ya 1964 mnayajua: ardhi ikawa ya serikali, watu wakagaiwa eka tatu tatu. Lakini tazameni jinsi deni la familia lilivyokua. Lilianza kwa mtu mmoja anayetaka fedha za kupalilia, likaishia kwenye amri za serikali na mgomo wa kuvuka bahari. Hakuna aliyekopa siku ya kwanza aliyedhani atafika huko. Wazee wetu walifupisha yote kwa maneno manne: kukopa harusi, kulipa matanga.

Hesabu ya nyumba ya leo

Mkopo wa nyumba wa benki kwetu Tanzania ni jambo geni kidogo. Bara, sheria maalumu ya mikopo hiyo ilitungwa mwaka 2008 tu. Ndiyo maana wengi wetu hatukukua tukiwaona wazazi wetu wakiulipa, na hatuna wa kumuuliza nyumbani.

Basi tukae na kalamu. Tuseme mkopo ni shilingi milioni 100, riba ni asilimia 15 kwa mwaka, muda ni miaka 20. Huu ni mfano wa hesabu. Viwango vya benki yenu viulizeni wenyewe.

Malipo ya kila mwezi yanakuwa kama shilingi 1,317,000. Ukizidisha kwa miezi 240 unapata karibu milioni 316. Yaani nyumba moja mnailipia kama nyumba tatu.

Lakini hilo si jambo la kushtua zaidi. Tazameni mwaka wa kwanza. Mnalipa karibu milioni 15.8. Deni linapungua kiasi gani? Halifiki hata laki tisa. Zilizobaki zote zimekwenda kwenye riba. Na baada ya miaka kumi, nusu ya safari, mmeshatoa kama milioni 158, na bado mnadaiwa karibu milioni 82.

Mnaikumbuka ile kodi ya bei ya khiyari, iliyolipwa miaka kumi bila ya kugusa deni? Mkopo wa leo hugusa, lakini kwa ncha ya ukucha, na hasa ile miaka ya mwanzo. Na miaka ya mwanzo ya mkopo ndiyo miaka ya mwanzo ya ndoa: miaka ya mimba, ya mtoto mchanga, ya kuacha kazi kidogo, ya mama mkwe kuugua.

Muda nao una bei yake. Mkopo ule ule ukilipwa kwa miaka kumi, malipo ya mwezi yanakuwa kama 1,613,000. Ni karibu laki tatu zaidi kwa mwezi. Jumla yake lakini ni kama milioni 194, pungufu kwa zaidi ya milioni 120. Anayekwambia "tukurefushie muda upate nafuu" anakuuzia nafuu hiyo, na bei yake ni kubwa.

Juu ya hapo kuna ada ya kuthamini nyumba, ya mwanasheria, ya usajili, na bima. Kuna riba inayoweza kupanda katikati ya njia. Kuna na paa litakalovuja, maana nyumba ni yenu kwa matengenezo hata kabla haijawa yenu kwa hati.

Na ule uitwao wa halali?

Rehani yenyewe si haramu. Surat al-Baqara inatufunza kuandika deni, kuweka mashahidi, na kuweka rehani pale isipopatikana ya kuandika. Mtume wetu (s.a.w.) alifariki deraa yake ikiwa rehani kwa Myahudi mmoja wa Madina kwa ajili ya shayiri. Kilichokatazwa ni riba.

Siku hizi zipo huduma za Kiislamu: murabaha, ambapo benki hununua kitu na kukuuzia kwa faida inayojulikana tangu mwanzo, ijara, ya kupangisha hadi umiliki, na ushirika unaopungua, ambapo unanunua fungu la benki kidogo kidogo. Alhamdulillah kwa hayo. Lakini bei ya khiyari nayo ilikuwa na jina la fiqhi. Jina zuri lisikuzuie kuuliza jumla. Muulize sheikh kuhusu uhalali, kisha muulize mtu wa benki kuhusu mwisho wa hesabu. Ni maswali mawili, na kila moja linataka jibu lake.

Kabla ya kutia saini

Dada yetu, ukiwekewa karatasi mbele yako, uliza haya, na majibu yaandikwe:

- Jumla yote tutakayolipa hadi siku ya mwisho ni kiasi gani?
- Baada ya miaka mitano tutakuwa tunadaiwa kiasi gani?
- Kiwango kinaweza kubadilika? Nani anaamua?
- Tukilipa mapema tunapunguziwa, au tunatozwa?
- Mmoja wetu akifariki, deni linakwenda wapi? Kumbukeni deni hutolewa kabla ya mirathi kugawiwa.
- Hati ya nyumba itakuwa na jina la nani? Kama saini yangu imo kwenye deni, jina langu limo kwenye nyumba?

Kwa mlio Bara, Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 haimruhusu mmoja wa wanandoa kuweka rehani nyumba ya ndoa bila ya ridhaa ya mwenzake. Ridhaa yako ina thamani. Usiitoe jikoni, maji yamechemka, mtu anakuharakisha kwa kalamu.

Na mahari yako ni yako. Dhahabu yako ni yako. Ukitaka kumsaidia mumeo kwayo ni hisani na utapata ujira wako, lakini iwe kwa kujua, na iandikwe.

Hatusemi msijenge wala msinunue. Wengine wetu tumeanza na chumba kimoja na choo, tofali kwa tofali, na tumechoka. Tunajua hamu ya kuwa na mlango wako mwenyewe. Tunachosema ni kwamba bibi zetu hawakupoteza mashamba kwa ujinga. Waliyapoteza kwa sababu walionyeshwa malipo ya mwaka ule, na hakuna aliyewaonyesha jumla ya miaka yote. Wewe unayo nafasi ya kuiomba. Iombe.

Allah awajaalie mabibi harusi wetu nyumba zenye sakina na riziki ya halali, na atukinge sote na uzito wa deni. Amin.