Tope Lililolisha Jiji: Tarehe ya Mashamba ya Xochimilco

Hii ni tarehe ya mashamba ya majini ya Xochimilco, kusini mwa Jiji la Meksiko, tangu mikono ya kwanza ilipoyainua kutoka ziwani hadi zama hizi ambapo wageni huyazuru kwa mashua. Anayetaka kuijua vizuri na aingie mashuani. Kwenye gati la Cuemanco, kukiwa bado na ukungu, mpiga pondo huzamisha upondo wake mpaka chini ya mfereji, akasukuma, na chombo kikateleza bila kishindo. Kila unapozama, upondo huo hugusa kitu kilichoibeba tarehe hii yote, nacho ni tope.

Xochimilco ni neno la Kinahuatl, maana yake mahali pa mashamba ya maua. Bonde lake liko zaidi ya mita 2,200 juu ya usawa wa bahari, limezingirwa na milima, na zamani maji yake hayakuwa na pa kutokea. Yalikusanyika yakafanya maziwa matano: Zumpango, Xaltocan, Texcoco, Xochimilco na Chalco. Texcoco lilikuwa la chumvi. Xochimilco na Chalco yalikuwa matamu, kwa kuwa chemchemi za chini ya milima ya volkano ziliyalisha mchana na usiku. Kina chake kilikuwa kifupi, nayo matete yalijaa tele.

Wenyeji hawakuona kinamasi hicho kuwa balaa. Walichomeka vigingi, wakasuka uzio, kisha ndani ya uzio wakapanga tabaka la majani na matete, tabaka la tope, tena majani, tena tope. Haba na haba, tuta likapanda likapita uso wa maji. Kingoni wakapanda ahuejote, mti mrefu mwembamba ambao mizizi yake hushika udongo kama vidole na ambao kivuli chake hakilinyimi shamba jua. Shamba la namna hiyo huitwa chinampa, kutokana na neno la Kinahuatl lenye maana ya uzio wa matete. Watu wengi wameziita chinampa bustani zinazoelea, lakini hazielei. Zimekita chini ya ziwa, na ndiyo maana zimedumu.

Kila chinampa ni ndefu na nyembamba kwa makusudi. Maji hupenya kutoka kandoni yakafikia mizizi, hata mkulima hana haja ya kumwagilia kila siku. Usiku wa baridi kali, maji ya mfereji hutunza joto la mchana na kupunguza makali ya jalidi. Rutuba ikipungua, dawa iko hatua mbili tu: tope la mferejini huchotwa likatandazwa juu. Kwa hiyo shamba moja liliweza kuvunwa mara kadhaa kwa mwaka, mahindi, maharagwe, pilipili, maboga, mchicha wa nafaka na maua. Mahindi yanayotupa sembe nasi leo asili yake ni nchi hiyo ya Meksiko.

Kwa hesabu inayotajwa zaidi, mwaka 1325 Wameksika, ambao vitabu vingi huwaita Waazteki, walijenga mji wao Tenochtitlan kwenye kisiwa ndani ya ziwa Texcoco. Watu wakaongezeka, lakini kisiwa kilibaki kile kile, na chakula kikawa shida. Mwaka 1428 waliungana na miji ya Texcoco na Tlacopan, na miaka michache baadaye mfalme wao Itzcoatl akaishinda Xochimilco. Washindwa walitwishwa kazi ya kujenga barabara ya kukatiza maji kutoka kusini hadi Tenochtitlan. Katikati ya karne hiyo ya 15, Nezahualcoyotl, mtawala wa Texcoco, alisimamia ujenzi wa ukuta wa maji wenye urefu wa kilomita 16 hivi, uliotenga maji ya chumvi na matamu. Chinampa zikatapakaa kusini yote. Mitumbwi ikapanga foleni alfajiri kwenda sokoni, imesheheni mboga na maua.

Mwezi wa Aprili 1521 kamanda Mhispania Hernán Cortés alifika Xochimilco na jeshi lake. Katika mapigano farasi wake alianguka, Wameksika wakamkamata, na nusura achukuliwe mateka kabla hajaokolewa na watu wake. Tarehe 13 Agosti mwaka huo Tenochtitlan ilianguka. Watawala wapya walijenga jiji lao juu ya magofu, na mafuriko yakawa adui yao wa kila msimu. Mwaka 1607 ilianza kazi ya kutoboa njia ya kuyatoa maji bondeni, chini ya Enrico Martínez. Mwaka 1629 yalikuja mafuriko yaliyoliacha jiji ndani ya maji kwa miaka kadhaa. Tangu hapo kila utawala ulirithi nia ile ile ya kuyafukuza maji. Rais Porfirio Díaz alizindua Mfereji Mkuu wa kuyatoa mwaka 1900.

Hata hivyo jiji liliendelea kula. Karne hadi karne, mitumbwi ya Xochimilco ilishika mfereji wa La Viga hadi masoko ya katikati ya jiji. Ndiyo asili ya mashua zinazobeba wageni leo. Jina lake, trajinera, limetokana na neno la Kihispania lenye maana ya kuchukua mizigo huku na huko. Zina sakafu bapa kwa sababu mifereji ni mifupi ya kina.

Pigo kubwa lilikuja mwanzoni mwa karne ya 20. Jiji lilikuwa na kiu, nazo chemchemi za Xochimilco zilikuwa safi. Mabomba yakalazwa, mitambo ya kuvuta maji ikafungwa, na maji yaliyokuwa yakilisha mifereji yakapelekwa majumbani mjini. Katikati ya mambo hayo, tarehe 4 Desemba 1914, viongozi wa Mapinduzi ya Meksiko, Emiliano Zapata na Pancho Villa, walikutana Xochimilco kwa mara ya kwanza, wakaafikiana kuhusu vita vya mapinduzi. Vita vilipita, lakini mabomba yalibaki. Kufikia katikati ya karne chemchemi zilikuwa zikikauka, na mfereji wa La Viga umefukiwa ukawa barabara ya magari. Mboga zikakosa njia yake ya kale.

Mifereji isikauke kabisa, ikaanza kujazwa maji taka yaliyosafishwa, yatokayo kwenye mtambo wa Cerro de la Estrella. Ndiyo maji yanayoipa uhai hadi leo, ingawa hayana usafi wa chemchemi. Visima virefu vilivyochimbwa kulisha jiji viliifanya ardhi ititie, hapa zaidi, pale kidogo, hata mashamba mengine yakazama na mengine yakabaki juu ya maji. Kwa Olimpiki ya 1968 ulichimbwa Cuemanco uwanja wa mbio za makasia. Samaki wa kigeni, karpi na perege, waliletwa kuwa kitoweo, wakageuka tishio kwa viumbe wa asili. Mwaka 1987 UNESCO iliiandika Xochimilco, pamoja na kitovu cha kale cha jiji, katika orodha ya urithi wa dunia, na mwaka 2004 sehemu ya mifereji ikaingia katika ardhi oevu za Mkataba wa Ramsar. Heshima hizo zilistahili, lakini karatasi haichoti tope.

Kuhusu tope lenyewe, hapa mashua inapotia nanga kwenye chinampa inayolimwa ndipo mgeni anapoona jambo la kukumbukwa maishani. Mkulima huingia kwenye mtumbwi mdogo, akashusha mti mrefu wenye mfuko nchani, akakwangua chini ya mfereji na kuinua tope jeusi laini. Mtumbwi ukijaa, hulimwaga kwenye kitalu kandokando ya maji, akalisawazisha mpaka liwe kama uji ndani ya sinia. Baada ya muda hukaza. Likishafikia ugumu wa halua, hulikata kwa kisu mistari ya kwenda na ya kukatiza, vikatokea vipande vidogo vya mraba viitwavyo chapín. Kila kipande hutobolewa kwa ncha ya kidole, kikatiwa mbegu na kufunikwa kwa samadi iliyokauka na kuvunjwavunjwa. Miche ikichipua, kila mmoja hung'olewa na kipande chake, mizizi haiguswi, ukahamia tutani bila kunyauka. Ufundi huo una umri wa karne nyingi, na vifaa vyake vyote vinaenea ndani ya mtumbwi mmoja.

Ukitazama vizuri, utaona kwamba tendo lile lile linalolirutubisha shamba ndilo linalousafisha mfereji. Tope lisipochotwa, mfereji hujaa, maji husimama, mashua hazipiti. Miti ya kingoni isipopogolewa, hulemewa ikaanguka na kuondoka na ukingo. Nimesoma mengi juu ya Xochimilco, na hili ndilo nililoshika: mandhari ile hailindwi kwa kuachwa bila kuguswa. Ni kazi ya mkono, na mkono ukiondoka, nayo huondoka.

Na mikono inaondoka. Chinampa zilizosalia zinahesabiwa kuwa zaidi ya 20,000, lakini zinazolimwa hazifiki robo. Nyingine zimekuwa nyumba, nyingine viwanja vya kandanda vya kukodishwa, nyingine zimefunikwa nailoni za kilimo cha dawa nyingi. Kijana akilinganisha bei ya fungu la letasi na ujira wa mjini, huuacha mtumbwi wa baba yake.

Anayeonyesha uzito wa upungufu huo ni axolotl, mnyama wa majini wa jamii ya salamanda, mwenye matamvua yaliyo nje kama shada, anayezeeka bila kuacha umbo la utotoni na ambaye mguu wake ukikatika huota upya. Kwa asili hapatikani popote duniani ila katika maji ya bonde hilo. Mwaka 1998 watafiti walikadiria axolotl 6,000 katika kila kilomita ya mraba ya mifereji. Mwaka 2014 walibaki 36 tu kwa kila kilomita ya mraba. Tangu 2021 picha yake iko kwenye noti ya peso 50, na chinampa nyuma yake. Wanasayansi wa chuo kikuu cha UNAM, wakiongozwa na Luis Zambrano, wameshirikiana na wakulima kuweka vizuizi vya mawe ya volkano na mimea kwenye vifereji vya mashamba. Vizuizi hivyo huchuja maji na kuwazuia samaki, naye mkulima huacha dawa za sumu. Axolotl hupata kimbilio pale pale ambapo mboga hulimwa.

Ziara za Xochimilco ni za namna mbili. Kwenye gati la Nuevo Nativitas trajinera zimepambwa kwa matao ya rangi, muziki unavuma, chakula kinauzwa mtumbwi hadi mtumbwi. Kaya nyingi zinaishi kwa furaha hiyo, nami siilaumu. Namna ya pili huondoka alfajiri kutoka Cuemanco. Yangeyange wamesimama kingoni, na katika miezi ya baridi mwari weupe wamekuja kutoka kaskazini. Kiongozi mara nyingi ni mkulima mwenyewe. Anasimamisha mashua shambani kwake, anaonyesha kitalu, anawapa wageni kiamsha kinywa cha alichokichuma asubuhi ile.

Hapo ndipo ninapoliweka tumaini langu. Mgeni anayepiga picha akaondoka ameiona Xochimilco. Anayenunua letasi, giligilani na shada la maua kutoka mkononi mwa aliyepanda, amemlipa mtu ili kesho arudi kuchota tope. Jua likipanda, mpiga pondo hugeuza chombo kuelekea gatini. Matenga yamewekwa katikati ya viti, mboga zina umande bado, na trajinera inarudi mjini na mzigo ule ule uliofanya iundwe.