Ugomvi wa Washairi na Faida Yake

Wazee husema kwamba vikombe vikikaa pamoja havina budi kugongana. Waandishi nao, wakikutana katika gazeti moja, hugongana vilevile, na mlio wao husikika mbali. Umefika hata kwetu Mpanda, kwa maana mwalimu afundishaye ushairi haachi kuulizwa na wanafunzi wake: Je, shairi lisilo na vina ni shairi? Swali hilo si jepesi. Watu wenye elimu walishindana kwa ajili yake miaka mingi, nasi twataka kueleza jinsi mashindano hayo yalivyokuwa, ili msomaji apime mwenyewe.

Kwanza na tutupe macho mbali kidogo. Katika Uingereza ya karne ya 18 magazeti yalizidi kuwa mengi, na waandishi wa London wakayafanya uwanja wa vita. Mwaka 1725 mshairi Alexander Pope alichapisha upya tamthilia za Shakespeare. Mwaka uliofuata Lewis Theobald alitoa kitabu cha kuonyesha makosa ya kazi hiyo. Pope akaona uchungu, na mwaka 1728 akatunga The Dunciad, shairi refu la kejeli, akamfanya Theobald kuwa mfalme wa wapumbavu. Watu wakacheka sana. Lakini Theobald alipochapisha Shakespeare yake mwenyewe, mwaka 1733, masahihisho yake mengi yalionekana kuwa ya haki, na wachapishaji waliokuja baadaye wakayatumia. Basi kicheko kilikuwa cha Pope, na haki ilikuwa ya Theobald. Hata mwaka 1752 Henry Fielding alipopigana kwa kalamu na John Hill katika magazeti, maneno mengi yalikuwa ya kudharauliana tu, na leo ni wachache wayasomao.

Huku kwetu majibizano ya washairi yalitangulia magazeti. Mwanzoni mwa karne ya 19, Mombasa ilipokuwa chini ya Wamazrui nayo ikagombana na Lamu, Muyaka bin Haji wa Mombasa na Bwana Zahidi Mngumi wa Lamu waliusemea kila mmoja mji wake kwa mashairi. Maneno ya Muyaka yalihifadhiwa vichwani mwa watu, mpaka Mwalimu Sikujua wa Mombasa na Mwingereza William Taylor walipoyakusanya na kuyaandika. Na diwani yake ilipigwa chapa mwaka 1940. Katika majibizano ya namna hiyo, mwenye kujibu mara nyingi hufuata bahari ile ile ya mwenzake. Jambo hili twaomba msomaji alikumbuke, maana tutalirudia.

Gazeti la Mambo Leo lilipoanza Januari 1923, desturi hiyo ilihamia katika karatasi. Mtu aliyekaa bara aliweza kumjibu mtu wa pwani asiyepata kumwona kwa macho. Hivyo kanuni za utunzi zilienea, na mwaka 1954 Amri Abedi alizitia katika kitabu chake Sheria za Kutunga Mashairi. Kwake yeye shairi ni wimbo, na wimbo hauna budi kuwa na vina na mizani.

Miaka 20 baadaye, mwaka 1974, Euphrase Kezilahabi, mzaliwa wa Ukerewe, alitoa diwani yake Kichomi. Humo aliacha vina na mizani, akasema kwamba ataka kutumia lugha ya kawaida, kama watu waitumiavyo katika mazungumzo yao, ili ushairi uwakaribie wengi. Hapo moto ukawaka. Washika kanuni walisema kwamba hayo si mashairi, bali ni maneno ya nathari yaliyokatwakatwa. M. M. Mulokozi na K. K. Kahigi walijibu, katika Kunga za Ushairi na Diwani Yetu ya mwaka 1979, kwamba vina na mizani ni pambo jema lakini si roho ya ushairi. Mwaka 1984 Jumanne Mayoka aliandika kitabu kizima, Mgogoro wa Ushairi, kuzitetea kanuni za wazee.

Wako waliofikiri kwamba huo ulikuwa ugomvi wa pwani na bara, yaani wenyeji wa lugha na wageni wake. Sisi watu wa Mpanda neno hilo latugusa, kwa kuwa wengi wa wazee wetu walinyonya Kibende, Kipimbwe au Kikonongo kabla ya Kiswahili. Ikiwa ushairi ni mali ya pwani, watoto wetu waandikapo waazima nguo ya mtu. Lakini tazameni majina. Amri Abedi aliyeziandika sheria alizaliwa Ujiji, kando ya ziwa lile lile lipigalo mawimbi Karema. Mathias Mnyampala, fundi mkubwa wa vina, alikuwa Mgogo. Basi watu wa bara walikuwa pande zote mbili, na waliozilinda kanuni za pwani hawakuzilinda kama wageni. Kiswahili kilikwisha kuwa chao.

Na mwisho wake ulikuwa nini? Walioubeza ushairi mpya kwamba utakufa, haukufa. Kezilahabi alitoa diwani nyingine mwaka 1988 na mwaka 2008, na alipofariki mwaka 2020 alihesabiwa miongoni mwa waandishi wakubwa wa lugha yetu. Waliodhani kwamba vina vimepitwa na wakati nao walikosea, maana vingali vinatungwa, na wanafunzi wa sekondari hufundishwa namna zote mbili. Kejeli za kila upande zimesahauliwa. Zilizobaki ni hoja, na vitabu vilivyoandikwa kwa ajili ya kuzitetea. Laiti pasingalikuwa na ugomvi, vingi vya vitabu hivyo visingaliandikwa.

Mnyampala alituachia Ngonjera za Ukuta, vitabu viwili vya mwaka 1970 na 1971, ambamo pande mbili hupingana kwa shairi mpaka zikapatana. Kupatana si lazima kila mara, lakini kusikilizana ni lazima. Ajibuye katika bahari ya mwenzake hana budi kuisikia kwanza, kuhesabu mizani yake, na kujua kituo chake ki wapi. Sisi walimu twaweza kuwapa vijana zoezi hilo hilo: atakaye kukipinga Kichomi akisome kwanza, na atakaye kuzipinga sheria za Amri atunge kwanza beti tatu kwa sheria hizo. Akiisha kufanya hivyo, na aseme alitakalo, nasi tutamsikiliza.