Kizimba cha Sokoni: Haki ya Kukaa au Mali ya Kurithiwa?

 

Maimamu wengi wameletewa shauri la namna hii baada ya swala. Mtu alipewa kibali cha kuweka meza katika uwanja wa umma, akauza hapo miaka mingi, kisha akafariki. Watoto wanasema mahali hapo ni urithi wao. Jirani anasema marehemu alimwachia kwa fedha. Wa tatu ameshika leseni mpya. Nani mwenye haki? Ndugu zangu, fuqahaa waliliangalia jambo hili karne nyingi nyuma, na yafaa tuwasikilize kabla hatujagawa mirathi.

Asili yake ni Madina. Imepokewa kuwa Mtume (S.A.W.) alipowawekea Waislamu soko lao, aliagiza lisibanwe wala lisitozwe kodi. Na imepokewa kuwa Sayyidna Ali (R.A.) alilifananisha soko na mahali pa kuswalia: aliyetangulia mahali, ni pake siku hiyo mpaka aondoke.

Huko Baghdad, Qadhi Al-Mawardi (aliyefariki 450 H / 1058 M) aliuliza katika Al-Ahkam as-Sultaniyya: mtawala ana uwezo gani juu ya wanaokaa kuuza pembezoni mwa njia? Akataja kauli mbili. Ya kwanza, kazi yake ni kuzuia madhara na kusuluhisha ugomvi tu. Hana ruhusa ya kumwondoa aliyetangulia. Ya pili, anaweza kumkalisha amtakaye na kumzuia mwingine kwa kutazama maslahi. Lakini kwa kauli zote mbili, hachukui ujira kwa ule ukaaji. Akanukuu pia rai ya Imam Malik, kwamba aliyezoeleka mahali ana haki zaidi ya wengine, ili kukata ugomvi. Al-Mawardi aliiona maslahi yake, ila alichelea kuwa inalitoa jambo kwenye ruhusa na kulitia kwenye milki.

Imam An-Nawawi (aliyefariki 676 H / 1277 M) akaliweka wazi katika Minhaj, kitabu kinachojulikana sana katika darsa zetu za Kishafii. Muuzaji anaweza kujitilia kivuli cha jamvi na mfano wake, maadamu hawabani wapitao. Akiacha kazi au akihamia kwingine, haki yake imebatilika. Akiondoka kwa nia ya kurudi, haki yake imebaki, isipokuwa akikawia mpaka wateja wake wakamkatia tamaa na kuzoea mwingine.

Hayo ni ya njia na viwanja, ambako mtu alikaa bila kulipa. Mambo yalibadilika watawala walipojenga maduka na kuchukua fedha. Sultani Al-Ghawri, aliyetawala Misri kuanzia 906 H (1501 M) hadi 922 H (1516 M), alijenga maduka katika mtaa wa Al-Ghuriyya mjini Cairo, akachukua kwa kila mfanyabiashara kiasi cha fedha na kukiandika katika hati ya wakfu. Fedha hiyo ikiitwa khuluww; ndugu yake kwetu ni kile kiitwacho kilemba. Ibn Nujaym wa madhehebu ya Hanafi (aliyefariki 970 H / 1563 M) akakitaja kisa hicho, akasema kwa kuzingatia ada ya mahali, aliyelipa hawezi kutolewa dukani. Ash-Shurunbulali, Hanafi mwenzake (aliyefariki 1069 H / 1659 M), akaandika risala ya kupinga. Waliopinga walihofia kuwa mwenye mali atazuiliwa mali yake na wakfu zitapotea mikononi mwa wapangaji.

Mwaka 1408 H (1988 M) Majmaa ya Fiqhi ya Kimataifa, katika kikao chake cha Jeddah, ilipitisha azimio juu ya khuluww. Fedha aliyochukua mwenye mali zaidi ya kodi ya kila kipindi inajuzu ikihesabiwa kuwa sehemu ya kodi ya muda uliokubaliwa. Mpangaji anaweza kumwachia mwingine kwa malipo wakati muda wake haujaisha. Muda ukiisha, hana cha kuuza, kwa sababu haki yake imekwisha.

Basi turudi kwa wale watatu. Imamu asianze kwa kuuliza nani amekaa sana. Aulize: marehemu alikaa kwa ruhusa tu, au alilipa kwa mkataba? Muda umebaki? Kibali kilikuwa na sharti gani? Ikiwa ni ruhusa tu, watoto wanarithi meza, bidhaa na madeni, wala si ardhi, na jirani alinunua kisichouzika. Ikiwa ni ijara yenye muda uliobaki, kwa Shafii ijara haivunjiki kwa mauti, na manufaa yaliyobaki ni ya warithi. Na aliyetoa leseni mpya juu ya muda huo amempa mtu haki ya mayatima. Hilo ni dhulma, hata likiwa na muhuri.

Wallahu aalam.