Ng'ambo: Mji Uliopewa Jina na Jirani Yake

Bibi yangu aliishi Miembeni, Unguja. Kutoka barazani kwake mpaka soko la Darajani hapazidi mwendo wa robo saa kwa miguu. Hata hivyo, kila asubuhi alipojitanda buibui na kutia mkono kwenye kikapu chake cha ukili, alituaga kwa maneno yale yale: "Haya wajukuu zangu, mie nakwenda mjini." Siku moja nikamuuliza, "Kwani bibi, hapa si mjini?" Akanitazama kama mtu aliyeulizwa jina la mamaye. "Hapa Ng'ambo, mwanangu. Mjini kule."

Jibu lile lilinitosha utotoni. Ukubwani ndipo lilipoanza kunisumbua. Ng'ambo ni upande wa pili wa maji. Twasema ng'ambo ya mto, na aliyesafiri nchi za mbali twasema yuko ng'ambo. Ni neno lisilosimama peke yake, kwani halina maana mpaka ujue msemaji amesimama wapi. Hakuna mtu anayeishi ng'ambo ya nyumba yake mwenyewe. Aliyeupa upande ule wa Unguja jina hilo alikuwa amesimama upande huu, kwenye majumba ya mawe, akinyoosha kidole. Na bibi yangu, aliyezaliwa na kuolewa kule, aliyapokea maneno ya mnyoosha kidole akayafanya anwani yake.

Maji yenyewe yalikuwapo kweli. Mji wa Unguja ulikulia kwenye rasi yenye umbo la pembetatu, ncha yake ya magharibi ikiwa Shangani. Mashariki ya rasi hiyo bahari iliingia ndani kwa hori lililoitwa Pwani Ndogo. Maji yakijaa, mji ulikaribia kuwa kisiwa juu ya kisiwa; yakitoka, palibaki matope, mashimo ya kaa na harufu. Watu walivuka kwa daraja, na daraja hilo ndilo lililoacha jina la Darajani. Leo hulioni daraja wala hori. Lilifukiwa kipande kwa kipande tangu mwanzoni mwa karne ya 20, na kazi ikaisha katika miaka ya 1950. Barabara iliyopita pale Waingereza waliiita kwa jina la hori hilo, na siku hizi inaitwa Barabara ya Benjamin Mkapa. Hori limekwisha, lakini mpaka haukufukiwa nalo.

Ng'ambo ilianza kama shamba, na ukitaka ushahidi soma majina ya mitaa yake. Miembeni, Mwembeladu na Mwembetanga ni miembe. Michenzani ni michenza. Kikwajuni inatoka kwenye mkwaju. Gulioni palikuwa na gulio, Funguni pana fungu la mchanga, na Kisiwandui limebeba kisiwa na ndui ndani ya jina lake, ukumbusho wa maradhi yaliyotisha watu hata wakatafuta pa kuwatenga wagonjwa. Kisha kuna majina ya watu: Kwahani, Kwaalinatu, Kwaalamsha. Ramani ya Ng'ambo ni kumbukumbu ya miti iliyokatwa na wenyeji waliokufa.

Seyyid Said bin Sultan alipohamisha makao ya utawala wake kutoka Oman kuja Unguja katika nusu ya kwanza ya karne ya 19, karafuu na pembe za ndovu zilileta utajiri, na utajiri ukaleta majumba ya mawe ya matumbawe na chokaa yenye milango ya nakshi. Rasi ikajaa. Wasioweza kujenga kwa mawe walivuka daraja, wakajenga kwa miti, fito na udongo, wakaezeka makuti. Walikuwamo watumwa na walioachwa huru, mahamali wa bandarini, wapagazi wa Kinyamwezi, Wamanyema waliotoka Kongo, Wangazija, Washihiri, mafundi, wavuvi na wachuuzi. Hapakuwa mahali pa mafukara tu. Palikuwa na misikiti, vyuo vya Kurani na wenye mali zao. Lakini sura yake ilikuwa nyingine, na kazi yake pia.

Kazi hiyo ndiyo kiini cha uhusiano wa miji miwili inayoishi bega kwa bega. Alfajiri mjini paliwavuta watu kutoka Ng'ambo, na magharibi pakawarudisha. Mawe ya majumba yale yalibebwa na mabega yaliyolala kwenye nyumba za udongo. Chokaa ilichomwa, boriti zikapandishwa, karafuu zikapakiwa, watoto wa watu wakalelewa, kisha mikono ile ile ikavuka daraja kurudi kwao. Tukiusifu upande ule wa mawe, unaoitwa leo Mji Mkongwe, kwa uzuri wake, na wastahili sifa, tunawasifu watu wa Ng'ambo bila ya kuwataja.

Mwaka 1890 Unguja iliwekwa chini ya himaya ya Waingereza, na mwaka 1897 hadhi ya kisheria ya utumwa ikafutwa. Wengi waliotoka mashambani wakitafuta maisha yao wenyewe walikuja Ng'ambo. Zamani wenye ardhi, baadhi yao kwa njia ya wakfu, waliwaachia watu wajenge bure au kwa malipo madogo. Mwenye ardhi alipata wafuasi na heshima, mjenzi akapata pa kulala. Utaratibu huo ulikuwa na unyonge wake, lakini ulikuwa na haya pia. Serikali ya kikoloni ilipotilia nguvu hati na umiliki wa kimahakama, ardhi iligeuka bidhaa. Mtu alimiliki kuta na paa la nyumba yake, ila alitakiwa kulipia udongo uliokuwa chini ya miguu yake, na kodi hiyo ikawa inapanda.

Serikali nayo ilikuwa na macho yake. Nyumba za upande mmoja iliziita nyumba, na za upande wa pili vibanda. Mwaka 1923 mpangaji miji Henry Lanchester alitoa mpango wake wa mji wa Unguja, na fikra za zama zile zilikuwa kwamba afya ya Wazungu hulindwa kwa kuwatenga na wenyeji. Kiwanja cha Mnazi Mmoja kilichobaki wazi kati ya pande mbili kikatumika kwa michezo, lakini kilifanya kazi ya hori pia: kilitenga.

Watu wa Ng'ambo hawakunyamaza. Mwaka 1928 waligoma kulipa kodi ya ardhi. Wanawake walikuwa mstari wa mbele, kwani wengi wao walikuwa wenye nyumba. Nyumba ndiyo mali ya kwanza ambayo mwanamke aliyetoka utumwani aliweza kuiita yake. Mgomo ulitikisa mji mpaka serikali ikatunga sheria ya kuzuia kodi hizo zisipandishwe ovyo. Kila nikipita mitaa ile huwakumbuka mabibi hao ambao majina yao mengi hayakuandikwa, na hujisemea kwamba mji hujengwa na anayekataa kuondolewa kama unavyojengwa na anayepanga mawe.

Mwaka huo huo wa 1928, mwanamke mwingine wa Ng'ambo alisafiri mpaka Bombay kurekodi nyimbo kwenye santuri. Siti binti Saad alizaliwa Fumba, kusini ya mji, karibu na mwaka 1880, akaitwa Mtumwa. Alikuwa akienda mjini kwa miguu kuuza vyungu vilivyofinyangwa nyumbani kwao, akivinadi kwa sauti iliyowafanya watu wasimame. Mwaka 1911 akahamia moja kwa moja. Kabla yake taarabu ilikuwa ya jumba la Sultani na iliimbwa kwa Kiarabu. Siti aliiimba kwa Kiswahili cha Ng'ambo: mahakama zisizotenda haki, mwanamke aliyeonewa, mambo yaliyozungumzwa barazani. Shaaban Robert aliandika wasifu wake. Kwa hiyo sauti ya kwanza ya Kiswahili iliyosafiri kwa santuri ikasikika pwani nzima ilitoka kwenye upande ulioitwa wa vibanda. Jumba la mawe lilikuwa na ala. Ng'ambo ilikuwa na maneno.

Kilichofuata kinajulikana zaidi. Chama cha Afro-Shirazi, kilichoundwa mwaka 1957, kilijenga makao yake Kisiwandui. Alfajiri ya tarehe 12 Januari 1964 Mapinduzi yalifanyika, na sauti ya John Okello, mmoja wa viongozi wake, iliyotangaza mabadiliko hayo redioni ilitoka Raha Leo, katika jengo ambalo wakoloni walilijenga liwe kituo cha burudani na malezi ya watu wa Ng'ambo. Amri sasa zilitoka upande wa pili wa hori kuelekea mjini. Damu ilimwagika katika siku zile, na wengi walikimbia nchi wakiacha funguo milangoni. Majumba ya mawe yaliyotaifishwa yakagawiwa watu waliotoka Ng'ambo na mashamba. Miongo kadhaa baadaye mengi yalikuwa yakianguka, kwa sababu chokaa inataka matunzo kila mwaka, na nyumba iliyojengwa kwa ukoo mmoja tajiri si rahisi kutunzwa na familia sita maskini.

Rais Abeid Amani Karume alitaka Ng'ambo yenyewe igeuke. Wataalamu wa Ujerumani Mashariki waliandaa mpango wa mji mwaka 1968, na yakainuka majumba ya ghorofa Kikwajuni, Kilimani na hatimaye Michenzani, ambako barabara mbili pana hukutana na majumba marefu yametandaza mikono pande zote nne. Mitaa mizima ya nyumba za udongo ilivunjwa ili yapite. Waliovunjiwa walipewa fleti zenye bomba na umeme. Karume aliuawa Kisiwandui tarehe 7 Aprili 1972 kabla kazi haijakwisha, akazikwa hapo hapo.

Nenda Michenzani baada ya sala ya alasiri. Ghorofani kanga zimeanikwa mstari mrefu mpaka jicho linachoka. Chini, mguuni mwa jumba, wazee wamekaa kwenye benchi la saruji wanacheza dhumna. Muuza kahawa anapita na dele lake huku akigonganisha vikombe. Mama mmoja ameweka meza ya urojo, na watoto wa skuli wamemzunguka. Benchi lile halikuwamo kwenye ramani ya Wajerumani. Watu walinyang'anywa baraza zao kwa kupewa ghorofa, wakaijenga baraza upya kwa mikono yao. Ukitaka kujua kama mahali ni mji kamili au ni chumba cha kulala cha mji mwingine, tazama kama watu wake wana pa kukaa bila ya kununua kitu. Ng'ambo wanapo.

Mwaka 1985 serikali iliunda mamlaka ya kuhifadhi Mji Mkongwe, na mwaka 2000 UNESCO ikauingiza kwenye Orodha ya Urithi wa Dunia. Eneo lililoorodheshwa ni hekta 96. Nafurahia kila mlango wa nakshi uliookolewa. Lakini mstari wa urithi ulipochorwa, uliufuata ule mpaka wa zamani. Upande mmoja, hata rangi ya dirisha ina sheria yake. Upande wa pili, nyumba ya Kiswahili yenye ukumbi, ua na baraza iliyokaa vizazi vinne inaweza kuvunjwa bila ya mtu kuuliza. Ndiyo maana mradi wa Ng'ambo Tuitakayo, ulioongozwa na idara ya mipango miji ya Zanzibar katika muongo uliopita, ulinipa faraja. Wataalamu walikwenda kwa wakaazi wakawauliza mahali gani panawahusu na kwa nini, na majibu yakawekwa kwenye ramani: misikiti, viwanja, miti ya kivuli, maskani, nyumba za wanamuziki.

Na nambari zimekwisha kuipita lugha. Sensa ya mwaka 2022 ilihesabu watu 1,889,773 Zanzibar, na kati yao 893,169 wako Mkoa wa Mjini Magharibi. Mji Mkongwe una sehemu ndogo mno ya watu hao. Soko, skuli, vituo vya daladala, viwanja vya mpira na nyumba za kupanga viko ng'ambo ya Darajani. Ng'ambo, pacha aliyeitwa mdogo, ndiye aliyebeba jina la mji kwa uzito wake, na bado anapozungumza husema "nakwenda mjini" akimaanisha kwa mwenzake.

Sasa zamu imefika kwa wengine. Mji umevuka Amani na Mwanakwerekwe, umefika Fuoni na Tomondo, na Fumba, kule Siti alikotoka na vyungu kichwani, unajengwa mji mpya wa majumba ya kuuza. Barabara aliyoipita akienda kutafuta riziki mjini leo ina magari yanayopeleka watu wa mjini wakatafute makaazi Fumba. Mji huo mpya nao utakuwa pacha wa mtu. Nani atafua, nani atapika, nani atapanga matofali, na jioni watarudi kulala wapi? Maswali hayo ndiyo ambayo Pwani Ndogo iliwauliza watu wa karne ya 19, na jibu lao twaishi nalo mpaka leo.

Masika mvua ikizidi, maji husimama Mnazi Mmoja na kwenye mabonde ya karibu na hori la zamani, kana kwamba bahari inadai njia yake. Watu hukunja suruali, hushika viatu mkononi, wakavuka. Wengine wanatoka kule kuja huku, wengine huku kwenda kule. Ukiwatazama kutoka juu, magoti yote yako ndani ya maji, huwezi kusema nani anakwenda ng'ambo.